Hadithi Isiyo na Mlango



Swali tunalolitazama safari hii ni la zamani, ila limekuja limevaa nguo mpya. Mtu akitunga hadithi ya kutisha kwa mchezo tu, kisha hadithi ile ikamtoka mikononi ikaenda kuwadhuru watu asiowajua, ni nani atakayejibu? Ni yeye aliyeitunga? Ni wale walioipokea na kuipeleka mbele? Ni yule aliyeisadiki? Au hakuna wa kujibu, kwa kuwa hadithi ni kama upepo, na upepo hauna mwenyewe?

Swali hili si la wenye elimu ya falsafa peke yao. Leo kila mwenye simu mfukoni ni msimulizi, na wengi wetu twasimulia mara kumi kwa siku bila kujijua. Basi hebu tuchukue jambo moja lililotokea Marekani, tulifuate tangu mwanzo wake, kisha tujiulize latufundisha nini.

MTU MWEMBAMBA

Mwezi Juni mwaka 2009, katika ukurasa mmoja wa intaneti wa Kimarekani uitwao Something Awful, watu walikuwa wakifanya mchezo wa kushindana. Kila mmoja alitakiwa kuchukua picha ya kawaida na kuitengeneza kwa kompyuta mpaka ionekane kana kwamba mna mzuka ndani yake. Tarehe 10 Juni mtu mmoja, Eric Knudsen, akitumia jina la bandia la Victor Surge, akaweka picha mbili zisizo na rangi. Zilikuwa picha za watoto na vijana. Lakini nyuma yao alisimama mtu mrefu kupita kiasi, mwembamba, amevaa suti nyeusi, na uso wake hauna macho, wala pua, wala mdomo. Chini ya picha Knudsen aliandika maneno machache, kana kwamba zilipigwa miaka ya 1980, na kwamba waliozipiga walipotea au walidhaniwa kuwa wamekufa. Akampa kiumbe huyo jina la Slender Man, maana yake Mtu Mwembamba.

Mpaka hapo hapakuwa na aliyedanganyika. Wote waliokuwapo walijua kwamba ni mchezo, na waliisifu kazi kama mtu anavyomsifu fundi. Wengine wakaongeza picha zao na visa vyao. Wengine wakampa Mtu Mwembamba hata ukale: wakatengeneza picha za kuchonga, wakasema ni za Ujerumani ya karne ya 16, ili aonekane kuwa amekuwapo tangu enzi za mababu. Kumbe umri wake wote ulikuwa siku chache.

Kisha akaanza kusafiri. Tarehe 20 Juni 2009, siku kumi tu baada ya kuzaliwa kwake, vijana fulani wa jimbo la Alabama walianza kuonyesha katika YouTube mfululizo wa filamu fupi uitwao Marble Hornets. Ulitengenezwa kana kwamba ni kanda za kweli zilizookotwa, nao uliendelea kwa miaka mitano. Mwaka 2012 ukatoka mchezo wa kompyuta ambao mchezaji anatembea msituni usiku kwa tochi, akitafuta kurasa nane, na huku Mtu Mwembamba anamfuata. Mchezo ulitolewa bure. Watu wakajipiga picha za video wakiucheza na kupiga mayowe, na wengine kwa maelfu wakawa wanatazama mayowe hayo. Mwaka uliofuata ukatoka mchezo mwingine, huu wa kuuzwa. Tena palikuwa na kurasa za intaneti zinazokusanya visa vya kutisha, na humo Mtu Mwembamba akapangwa pamoja na mizuka mingine, mara nyingi bila jina la aliyemtunga wala tarehe.

Angalieni basi lililotokea. Watu wa kwanza walimkuta Mtu Mwembamba mlangoni, palipoandikwa kwamba huu ni mchezo. Mtoto aliyekutana naye miaka mitatu au minne baadaye hakupita mlangoni. Alimkuta tayari yumo ndani ya nyumba, ana picha, ana filamu, ana ukale, na watu wengi wanamtaja.

SIKU YA TAREHE 31 MEI 2014

Katika mji wa Waukesha, jimbo la Wisconsin, walikuwapo wasichana watatu wa shule, kila mmoja ana miaka 12. Asubuhi ya tarehe 31 Mei 2014, baada ya kulala pamoja usiku wa sherehe ya kuzaliwa kwa mmoja wao, waliingia katika msitu mdogo ulio karibu. Humo wawili walimshambulia wa tatu kwa kisu, wakamchoma mara 19, wakamwacha. Mtoto yule alijikokota mpaka kando ya barabara, akakutwa na mtu aliyekuwa akipita kwa baiskeli. Kwa rehema alipona.

Wale wawili walikamatwa siku ile ile wakitembea kwa miguu. Walipoulizwa walisema walikuwa wakielekea msitu mkubwa wa kaskazini mwa jimbo, ambako waliamini kwamba Mtu Mwembamba ana jumba lake. Walitaka kuwa watumishi wake, na waliogopa kwamba wasipofanya hivyo atazidhuru jamaa zao. Walitaka pia kuwaonyesha wasioamini kwamba yuko kweli.

Kesi iliendelea hata mwaka 2018. Ilionekana mahakamani kwamba wote wawili walikuwa na ugonjwa wa akili wakati wa tendo lile. Badala ya gereza waliwekwa chini ya ulinzi wa hospitali ya wagonjwa wa akili, mmoja kwa muda wa miaka 25, na mwingine miaka 40.

Baada ya tukio Knudsen alitoa neno la kusikitika. Wenye kurasa za visa vya kutisha nao wakaandika kuwakumbusha wasomaji kwamba yote yaliyomo ni ya kubuni. Ndipo mlango ukarudishwa, wakati nyumba imekwisha kuungua. Hata hivyo Mtu Mwembamba hakukoma. Mwaka 2018 ikatoka filamu kubwa yenye jina lake, nayo ikaingiza zaidi ya dola milioni 50 duniani. Kampuni moja ya majumba ya sinema ilikataa kuionyesha katika wilaya za Waukesha na Milwaukee, kwa kuwaheshimu walioumia. Kwingineko ilionyeshwa.

JE, HADITHI NDIYO ILIYOUA?

Lazima tuwe waangalifu. Ni rahisi kusema, "Tazameni, hadithi mbaya imeharibu watoto." Lakini mamilioni ya watoto walimwona Mtu Mwembamba, wakaogopa kidogo, wakacheka, wakaenda kulala. Ugonjwa haukuletwa na picha mbili. Akili iliyougua ingeweza kushika kitu kingine na kukifanya bwana wake. Anayesema kwamba hadithi ndiyo sababu yote amesema kupita anavyojua, na tena anawaonea wagonjwa wengi wasiomdhuru mtu.

Lakini anayesema kwamba hadithi haina sehemu yoyote naye amekosea. Ugonjwa ulileta hofu. Hofu ile ilipewa uso, jina, makao na amri na hadithi. Na mtoto mgonjwa alipotazama huku na huku akitafuta mtu wa kumwambia, "Hili si kweli," alikuta picha na filamu na maelfu ya maneno ya watu wazima yakisema kwa mchezo kwamba ni kweli. Yeye hakujua kwamba ni mchezo. Hapo ndipo pana swali letu: kuna kitu kilichopaswa kusafiri pamoja na hadithi, nacho kiliachwa njiani. Kitu hicho ni nini?

DESTURI YA WASIMULIZI WETU

Wazee wetu wa pwani walikijua kitu hicho vizuri. Msimulizi hakuanza tu. Alisema, "Paukwa," na wasikilizaji wakajibu, "Pakawa." Au aliita, "Hadithi! Hadithi!" nao wakaitikia kwamba hadithi na ije, uongo na uje, utamu ukolee. Sikilizeni maneno hayo, ndugu. Uongo unaitwa kwa jina lake mbele ya watu wote, tena unakaribishwa. Kwa hiyo yanayofuata si uongo tena kwa maana ya dhambi, kwa kuwa hakuna anayedanganywa. Mtoto mdogo kuliko wote pale ukumbini ameitikia pamoja na wengine. Amepita mlangoni kwa miguu yake mwenyewe.

Tena ulikuwapo mlango wa kutokea. Edward Steere, ambaye mwaka 1874 alifanywa askofu wa misheni ya UMCA iliyokuwa na makao yake Unguja, alikusanya hadithi za Waswahili na kuzichapisha London mwaka 1870. Katika kitabu hicho twaona jinsi msimulizi anavyofunga: anasema kwamba hadithi ikiwa njema, wema wake ni wa wote, ikiwa mbaya, ubaya wake ni wa yeye peke yake aliyeitoa. Maneno haya tumeyasikia tangu utoto, hata hatuyafikirii. Lakini ndani yake mna sheria nzima. Msimulizi anaweka jina lake. Anasema: mimi ndimi niliyeitoa, na lawama ije kwangu.

Mtu atauliza: mbona hata sisi tulitishwa kwa hadithi za zimwi? Ni kweli, na zilitisha sana. Lakini zimwi lilikuja likiwa limeshikwa mkono na bibi. Mtoto aliyeogopa aliweza kuuliza, "Bibi, liko kweli?" na bibi yuko pale kumjibu, na mwili wake una joto, na moto unawaka. Watu husema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Hofu iliyoletwa na mtu anayekujua ina kipimo. Mtoto aliye peke yake usiku chini ya shuka, na simu mkononi, anasimuliwa na asiyemjua, wala hana wa kumwuliza.

Kwa hiyo kosa si kutisha, wala si kubuni. Kosa ni kuing'oa milango: ule wa kuingilia, usemao "hiki ni cha kubuni," na ule wa kutokea, usemao "mimi ndimi mwenye kujibu."

MAGAZETI YA PARISHI NAYO

Tusidhani kwamba jambo hili limezaliwa na intaneti. Limewahi kutokea kwa karatasi na wino, na magazeti ya parishi kama hili letu yalikuwa na sehemu yake.

Mwezi Agosti 1914 majeshi ya Waingereza yalipigana na Wajerumani huko Mons, Ubelgiji, yakalazimika kurudi nyuma. Tarehe 29 Septemba gazeti la London liitwalo Evening News likachapa hadithi fupi ya Arthur Machen. Ndani yake askari mmoja aliyezingirwa anamwita Mtakatifu George, na mara linatokea jeshi la wapiga upinde wa zamani za kale na kuwaangusha adui kwa mishale. Machen aliibuni yote. Lakini aliiandika kwa namna ya habari, nayo ikatoka katika gazeti lililojaa habari za vita, bila neno la kuonya kwamba ni hadithi.

Haukupita muda mrefu wahariri wa magazeti ya parishi huko Uingereza wakamwomba ruhusa ya kuichapa. Machen akawaruhusu. Mmoja wao, kasisi, akamwandikia tena kwamba toleo lile lote limekwisha kununuliwa na watu bado wanataka. Je, angeweza kuitoa kama kijitabu, na Machen aandike dibaji fupi ya kuwataja mashahidi wake? Machen akajibu kwamba hana mashahidi, kwani hadithi ameitunga yeye mwenyewe. Kasisi akaandika tena, safari hii kumwambia mwandishi kwamba amekosea: mambo makubwa ya hadithi ile hayana budi kuwa kweli, na kazi ya Machen ilikuwa kuyapamba tu.

Yafaa tusicheke haraka. Kasisi yule hakuwa mwongo. Katika parishi yake walikuwamo akina mama wenye watoto vitani, na hadithi ile iliwafariji. Alitaka iwe kweli, na kwa kuwa aliitaka, hakumsikia hata mwenye hadithi aliposimama mlangoni akipiga kelele. Kufika mwaka 1915 wapiga upinde walikuwa wamegeuka kuwa malaika, na watu wengi walisadiki kwamba malaika walionekana Mons. Machen alitoa kitabu mwaka ule ule na kueleza mambo yote tangu mwanzo. Wengi hawakumsadiki.

Hapa twapata jibu la sehemu ya swali letu. Mtunzi peke yake hawezi kuubeba mzigo wote, kwa sababu hadithi haiendi kwa miguu ya mtunzi. Inakwenda kwa miguu ya wanaoipenda. Akina mama wa 1915 walipenda faraja. Vijana wa 2009 walipenda kushtuka. Anayeipeleka mbele huchagua cha kuacha na cha kuongeza, na mara nyingi kinachoachwa kwanza ni kile kinachopunguza utamu, yaani maneno "ni ya kubuni." Kwa hiyo kila anayeipeleka bila maneno hayo ameitunga upya, naye ana fungu lake katika ubaya wake.

WEMA NAO WAWEZA KUSAMBAZA HOFU

Pengine msomaji atasema, "Mimi sisambazi visa vya mizuka." Basi tutazame mfano mmoja wa karibuni zaidi.

Mwaka 2016 palionyeshwa Tokyo, Japani, sanamu ya kutisha yenye uso wa mwanamke na miguu ya ndege. Baadaye picha ya uso ule ikasambaa katika simu kwa jina la Momo, pamoja na maneno kwamba anawaandikia watoto na kuwaamuru wajidhuru. Mwezi Februari 2019 habari hiyo iliwaka sana Uingereza. Shule ziliwaandikia wazazi, polisi walitoa maonyo, magazeti yaliandika, wazazi wakatumiana ujumbe usiku kucha. Mashirika ya huko yanayowalinda watoto yalipochunguza yalisema kwamba hayakuona ushahidi wa mtoto aliyedhuriwa kwa njia hiyo. Lakini kufikia hapo watoto wengi ambao hawakuwahi kusikia jina la Momo walikuwa wamekwisha kuonyeshwa uso wake. Walionyeshwa na nani? Na wale waliotaka kuwalinda.

Hakuna katika hao aliyekusudia ubaya. Kila mmoja alifikiri, "Kama si kweli, hakuna hasara, kama ni kweli, nimeokoa mtoto." Fikira hiyo yaonekana kuwa ya upendo, lakini hasara ipo: ni hofu ya watoto, na pia masikio ya wazazi, ambayo yakichoka kwa maonyo ya uongo hayatalisikia onyo la kweli.

Nasi tumekwisha kujifunza maneno ya kujifichia. Tunapopeleka ujumbe mbele twaandika, "Nimeletewa hivyo hivyo, nami nawaletea." Hebu yalinganisheni maneno hayo na yale ya msimulizi wa Unguja. Yeye alisema: ubaya wake ni wangu mimi niliyeitoa. Sisi twasema: ubaya wake si wangu, nimepita nao tu. Yeye alikuwa na hadithi ya sungura na fisi, isiyoweza kumdhuru mtu, naye akaikubali lawama. Sisi tuna habari ya wizi wa watoto, ya dawa yenye sumu, ya jirani aliyetajwa kwa jina, nasi twaikataa lawama kabla haijaja.

LITUPASALO

Sisemi tuache kusimulia, wala tuwanyime watoto hadithi za kutisha. Mtoto asiyewahi kuogopa akiwa salama hatajua la kufanya atakapoogopa akiwa hatarini. Lakini tuirudishe milango.

Kwanza, kabla ya kupeleka neno mbele, tujiulize: ni nani aliyelitoa, na lini? Kama hatujui, basi hatuna mlango wa kuliingizia, na heri likae kwetu. Pili, kama twataka kulipeleka, tulipeleke kwa jina letu: mimi nasema, mimi nimelichunguza, likiwa baya nilaumuni mimi. Atakayejaribu desturi hiyo kwa juma moja ataona ujumbe wake umepungua sana.

Tatu, ni juu ya watoto. Tuwaulize wanaona nini katika simu, si kwa ukali wa polisi, bali kwa hamu ya mtu anayetaka kusimuliwa. Mtoto akimtaja Mtu Mwembamba, au mzuka mwingine wa siku hizi, tusimwambie tu, "Huo ni upuuzi." Neno hilo linafunga mdomo, haliondoi hofu. Tumweleze kwamba Mtu Mwembamba ana siku ya kuzaliwa, nayo ni tarehe 10 Juni 2009. Ana baba, na baba huyo ana jina. Uso wake hauna macho kwa sababu mtu aliyekaa mbele ya kompyuta aliamua asiyaweke. Na tukimwona mtoto ambaye maelezo hayo hayampunguzii hofu, anayeendelea kusikia amri na kuona wasiokuwapo, tusimcheke wala tusimfiche. Tumpeleke hospitali mapema, maana huyo anaumwa, na ugonjwa wake una waganga wake.

Basi, nani atakayejibu? Aliyetunga ajibu kwa kiasi chake, na aliyeuza kwa kiasi chake. Lakini tusikimbilie kuwatafuta hao walio mbali. Ujumbe uliopita mkononi mwangu jana una jina langu juu yake, nikiandika nisiandike. Nimewaandikia makala hii, ndugu zangu. Ikiwa ina wema, ni wetu sote. Ikiwa na ubaya, njooni kwangu.